Hipokampasi si Kiboko: Maana na Matumizi ya Neno Moja la Ubongo

(Hotuba iliyotolewa mjini Kigoma mbele ya walimu wa biolojia, wanafunzi wa uuguzi na utabibu, na wageni waalikwa)

Ndugu Mwenyekiti, walimu wenzangu, wanafunzi wa uuguzi na utabibu, na wazee wetu mlioacha shughuli za asubuhi ili mje kusikiliza habari za neno moja tu, nawashukuru.

Nilipoombwa kuzungumza nanyi niliachiwa nichague mada yoyote inayohusu ubongo. Ningeweza kuchagua ugonjwa, au dawa, au hata ndoto, na pengine watu wengi zaidi wangekuja. Nimechagua neno, kwa sababu katika miaka yangu ya kufundisha anatomia nimewaona vijana wengi wenye akili wakianguka mtihani, na wengine wakimpotosha mgonjwa, kwa kulitamka neno wasilojua limebeba nini. Neno lenyewe ni hipokampasi, jina la sehemu ndogo iliyojificha ndani ya ubongo.

Nianze na kisa kilichonitokea. Miaka kadhaa iliyopita alinijia mama mmoja kutoka Uvinza, akiongozana na kijana wake wa miaka 19 aliyekuwa na kifafa tangu utotoni. Walikuwa wamerudi kutoka mbali, ambako kijana alifanyiwa kipimo cha MRI, kinachotoa picha za ndani ya kichwa, na majibu yaliandikwa kwa Kiingereza pasipo mtu wa kuwaeleza. Ndugu yao mmoja anayeaminika katika ukoo kwa usomi alisomewa karatasi ile kwa simu, herufi kwa herufi, akawatafsiria kwamba kiboko cha upande wa kushoto kimesinyaa. Mama alikaa kwenye benchi langu, akafungua bahasha ya kaki, akailaza karatasi magotini na kuinyoosha kwa kiganja, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini: “Daktari, nani alimchapa mwanangu kichwani?”

Naona mnacheka, na mimi nilikaribia kucheka, lakini mama yule alikuwa ametafsiri sawasawa kabisa kile alichoambiwa. Kiboko kwetu ni mnyama wa mto Malagarasi, na kiboko ni fimbo ya kuchapia, na kwa kuwa mnyama hawezi kuingia kichwani mwa mtu, mama mwenye busara alibaki na fimbo. Kosa lilikuwa la ndugu msomi, ambaye aliona neno la Kigiriki linaloanza kama jina la kiboko akadhani ni lilelile. Nataka niwaambie kwamba ndugu yule hakuwa wa kwanza. Mwaka 1779 mwanaanatomia wa Kijerumani, Johann Christoph Andreas Mayer, aliandika katika kazi yake jina la kiboko mahali palipostahili hipokampasi, na waandishi kadhaa waliomfuata wakanakili kosa hilo kama lilivyo, hadi mwenzao Karl Friedrich Burdach alipolisahihisha mwaka 1829. Kwa miaka 50, basi, kulikuwa na viboko katika bongo za watu wa Ulaya, na waliowaweka humo ni maprofesa.

Jina halisi lilitoka Italia. Mwaka 1587 tabibu wa Bologna, Giulio Cesare Aranzi, alipokuwa akieleza uvimbe mrefu mweupe aliouona katika sakafu ya chumba cha maji kilichomo ndani ya ubongo, alitafuta kitu cha kuufananisha nacho. Akasema unafanana na hipokampasi, yaani yule samaki mdogo wa baharini mwenye kichwa kama cha farasi na mkia uliojikunja. Kisha, kama mtu asiye na uhakika na macho yake, akaongeza kwamba pengine unafanana na kiwavi wa hariri. Katika Kigiriki, hipos ni farasi na kampos ni dubwana la baharini. Wengine baada yake hawakuridhika. Mwaka 1732 Jacob Winslow, Mdenmaki aliyefanya kazi Paris, aliona pembe za kondoo dume, na miaka kumi baadaye de Garengeot, mpasuaji wa Kifaransa, akaipa pembe hiyo mwenyewe: Amoni, mungu wa Misri ya kale aliyechorwa akiwa na pembe za kondoo. Jina la pembe ya Amoni halikufa. Mkiona katika vitabu herufi CA zikifuatwa na tarakimu 1 hadi 4, hizo ni herufi za mwanzo za pembe ya Amoni kwa Kilatini, na aliyezigawa sehemu hizo nne mwaka 1934 ni Rafael Lorente de Nó, Mhispania aliyekuja kuwa bingwa wa fani hii. Mwanafunzi anayekariri CA1, CA2 bila kujua kwamba anataja pembe ya kondoo anajinyima raha ya bure.

Hapa mezani nina sahani yenye ubongo wa mbuzi. Niliununua buchani siku kumi na mbili zilizopita, na muuza nyama alitaka kujua nitaupika vipi. Nilimwambia nitauloweka kwenye fomalini, dawa ya kuzuia kuoza, akanitazama kwa huruma. Nimeondoa kwa kisu ukuta wa pembeni, upande ule uliokuwa karibu na sikio, na ndani panaonekana upenyo uliopinda, ambao mbuzi alipokuwa hai ulijaa maji ya ubongo. Katika sakafu ya upenyo huo umelala mgongo mweupe, laini, unaong'aa kidogo, ulioanzia chini ukapinda kuelekea nyuma na juu. Weupe ule ni utando mwembamba wa nyuzi za neva unaoifunika hipokampasi kama ganda. Chini yake ndipo zilipo seli zenyewe. Mimi nikiutazama siuoni farasi wala pembe. Naona jongoo aliyeguswa akaanza kujikunja, na nadhani laiti Aranzi angezaliwa Ujiji, leo dunia nzima ingekuwa inaandika makala za kitaalamu kuhusu jongoo. Hata hivyo nisimwonee. Mwaka 1980 mtaalamu wa Hungaria, László Seress, aliitoa hipokampasi ya binadamu pamoja na mkia wake wa nyuzi, akaiweka sambamba na samaki yule, na picha yake humfanya mtu akiri kwamba mzee wa Bologna hakuota.

Kwa binadamu kitu hiki kina urefu wa sentimita 4 hadi 5 hivi, karibu na kidole chako kidogo, nacho kimejificha upande wa ndani wa ile sehemu ya ubongo iliyo usawa wa sikio, ambayo vitabu huiita lobu ya temporali. Ziko mbili, moja kulia na moja kushoto, na hapa ndipo kosa la kwanza la matumizi linapoanza, kwa sababu tunasema “hipokampasi” kana kwamba ni moja, kama moyo. Tofauti hiyo ina uzito kwa mgonjwa. Mtu aliyeumia ya upande mmoja anaweza kuendelea na maisha yake akiwa na upungufu ambao hata jirani hautambui. Aliyeumia zote mbili ana balaa nyingine kabisa, nami nitaifikia.

Kosa la pili ni la mipaka. Tafadhali kunjeni vidole vya mkono wa kulia viwe kama ndoana, na vya kushoto vivyo hivyo, kisha pachikeni ndoana moja ndani ya nyingine. Mkikata hipokampasi kwa kisu kama mkatavyo mkate, uso mtakaouona una umbo hilo: ndoana moja ni pembe ya Amoni, na nyingine ni mkunjo mdogo wenye vijinundu mithili ya meno, ambao kwa Kilatini pia uliitwa wenye meno. Sasa, mwandishi mmoja akisema hipokampasi anakusudia ndoana ya kwanza peke yake. Wa pili anakusudia ndoana zote mbili. Wa tatu anaongeza gamba linalounganisha ndoana hizo na ujirani, akaliita yote umbo la hipokampasi. Wote watatu wanakubalika katika fani. Kwa hiyo mkisoma kwamba hipokampasi ya watu fulani ni ndogo kuliko ya wengine, swali la kwanza liwe: mpimaji alichora mpaka wapi? Nimeshuhudia mabishano ya saa nzima kati ya wanafunzi wawili ambao kila mmoja alikuwa sahihi kwa kitabu chake.

Kisha kuna majina yanayofanana pasipo udugu, na hili linatuhusu sana watu wa Kigoma. Katika karne ya 18 Mfaransa Vicq d'Azyr alikiona kinundu kingine, nyuma zaidi katika chumba kilekile cha maji, akakipa jina la hipokampasi ndogo. Mwaka 1857 Richard Owen, mwanaanatomia mkubwa wa Uingereza, alikitumia kinundu hicho kutenganisha binadamu na wanyama wote, akidai kwamba sokwe hana. Thomas Henry Huxley akambishia, na kati ya mwaka 1860 na 1863 mabwana hao wawili walirushiana maneno mbele ya umma juu ya uvimbe usiozidi tonge. Huxley alikuwa sahihi, maana sokwe anacho. Nasema hili nikijua kwamba kilomita chache kaskazini ya ukumbi huu, kule Gombe ambako Jane Goodall alifika mwaka 1960, wapo sokwe walio na kinundu hicho vichwani mwao, wakila matunda yao bila habari kwamba kiliwahi kuwagombanisha Waingereza. Kilichonifurahisha mimi nilipokuwa mwanafunzi ni mwisho wa jina lenyewe. Leo kinundu hicho kinaitwa kwa Kilatini kipi cha ndege, kama kile cha mguuni mwa jogoo, na imekuja kueleweka kwamba kinatokana na mfereji wa gamba la ubongo linalohusika na kuona. Na hipokampasi hakina uhusiano wowote zaidi ya kuchungulia chumba kimoja.

Tukitoka kwenye maana tukaingia kwenye kazi, mambo yanakuwa magumu zaidi, kwa sababu jina lililotolewa kwa sura haliwezi kukueleza kazi. Vitabu vya mwanzoni mwa karne ya 20 viliiweka hipokampasi katika ubongo wa kunusa, mpaka Mnorwe Alf Brodal alipopitia ushahidi mwaka 1947 na kuonyesha kwamba dai hilo halina miguu. Miaka sita tu baadaye likatokea jambo lililobadilisha matumizi ya neno hili moja kwa moja. Kijana wa Kimarekani wa miaka 27, Henry Molaison, ambaye kwa miongo mingi dunia ilimjua kwa herufi H.M. tu hadi alipofariki mwaka 2008, alikuwa na kifafa kisichotulia kwa dawa. Mwaka 1953 daktari mpasuaji William Scoville alimwondolea sehemu za ndani za lobu za temporali, kulia na kushoto. Degedege lilipungua. Lakini tangu siku ile Henry hakuweza kushika jambo jipya. Alizungumza vizuri, alikumbuka mengi ya utoto wake, alikuwa mpole na mcheshi. Ila ukitoka chumbani na kurudi, alikusalimu kama mgeni.

Brenda Milner, mwanasaikolojia kutoka Kanada aliyemchunguza na kuandika habari zake pamoja na Scoville mwaka 1957, baadaye alimpa zoezi la kufuatisha mchoro wa nyota kwa kalamu huku akiuona mkono wake kwenye kioo tu. Jaribuni nyumbani, mtaona kalamu inavyokwenda kinyume na mnavyotaka. Henry alilirudia kwa siku tatu, na kila siku mkono wake ulikuwa hodari kuliko jana, ilhali kila siku alisema hajawahi kuona zoezi la namna hiyo. Mkono ulijifunza bila mwenye mkono kujua. Ndiyo maana huwa nakereka ninapoona katika madaftari ya wanafunzi wangu sentensi isemayo kwamba hipokampasi ni stoo ya kumbukumbu. Ingekuwa stoo, Henry angepoteza utoto wake wote, na asingejifunza kuchora nyota. Ukitaka mfano wa Kiswahili, ningeifananisha na karani wa mapokezi, ambaye huandikisha mizigo ya leo na kuipeleka inakostahili, na ambaye asipokuwepo mizigo ya zamani inabaki ghalani lakini ya leo haina wa kuipokea. Mfano huu nao una upungufu wake, maana wapo wataalamu wanaoshikilia kwamba karani huyo huendelea kuhitajika hata kwa mizigo ya zamani ikiwa mtu anataka kuikumbuka kwa picha kamili, mahali, watu na sauti zao. Mjadala huo haujafungwa.

Nami niwe mwangalifu na neno langu mwenyewe. Tumezoea kusema kwamba Henry aliondolewa hipokampasi. Picha za MRI zilizochapishwa mwaka 1997 zilionyesha kwamba sehemu za nyuma za hipokampasi zake zilibaki, na kwamba vitu vingine viliondolewa pamoja nazo, ikiwemo amigdala, ambayo jina lake ni lozi, na gamba la jirani. Msemaji mwaminifu aseme “sehemu kubwa ya hipokampasi na majirani zake,” hata kama sentensi inarefuka.

Upande wa pili wa kazi yake ni mahali. Mwaka 1971 John O'Keefe na Jonathan Dostrovsky, wakiwa London, waliweka nyaya nyembamba katika hipokampasi ya panya na kugundua seli zilizowaka panya alipofika kona fulani ya kizimba, na kunyamaza alipoondoka. O'Keefe alitunukiwa Nobeli mwaka 2014, pamoja na May-Britt na Edvard Moser wa Norwe, waliogundua seli nyingine zinazopima nafasi kama mistari ya daftari la hesabu. Angalieni tena matumizi: seli za akina Moser zilipatikana katika gamba la jirani linalopeleka habari kwenye hipokampasi, na magazeti yaliyosema zimo ndani ya hipokampasi yalikosea nyumba moja.

Mwaka 2000 Eleanor Maguire na wenzake walipima madereva teksi 16 wa London, ambao sheria huwalazimisha kujua kichwani maelfu ya mitaa kabla ya kupewa leseni. Sehemu ya nyuma ya hipokampasi zao ilikuwa kubwa kuliko ya watu waliolinganishwa nao, lakini ya mbele ilikuwa ndogo, kwa hiyo anayesema tu kwamba madereva wana hipokampasi kubwa amekata habari katikati. Hakuna aliyewapima wavuvi wetu wa Katonga na Kibirizi. Lakini nimewahi kutoka nao usiku usio na mwezi, taa zikiwa zimening'inizwa juu ya maji kuwaita dagaa, nikamwuliza mzee aliyekuwa nahodha tuko wapi. Kwangu mimi pande zote zilikuwa giza moja. Yeye hakugeuka hata kutazama. Alinyoosha kidole nyuma ya bega lake akasema, “Kigoma ile pale,” na baada ya muda, boti lilipozunguka mlima, taa za bandari zikajitokeza palepale kidole kilipokuwa.

Sasa nije kwenye Kiswahili, ambacho ndicho hasa kilichonileta. Tuliite jina hili namna gani? Wapo wanaopendekeza tutafsiri, tuseme farasi wa ubongo, au farasi-bahari. Nawaheshimu, lakini sikubaliani nao. Katika Ziwa Tanganyika samaki huyo hayumo, kwani yeye ni wa maji ya chumvi, na mtoto wa Kasulu ambaye hajamwona hatapata picha yoyote kwa kutajiwa farasi. Atapata picha ya farasi. Tafsiri ya sura ina faida pale tu ambapo sura inajulikana, kama lozi, na hata huko haielezi kazi. Bora tuliazime neno lenyewe kwa matamshi yetu, kama tulivyofanya kwa homoni na vitamini, na tuliweke katika ngeli ya i- na zi-: hipokampasi hii ya kushoto imesinyaa, hipokampasi zote mbili ziko salama. Wingi wa Kilatini tuuache Bologna. Tena tusiseme “kihipokampasi” wala “uhipokampasi”. Kiunganishi chetu cha -a kinatosha, tukasema mishipa ya hipokampasi, kovu la hipokampasi.

Kovu ndilo lililokuwa katika ile karatasi ya bahasha ya kaki. Hali ya hipokampasi kusinyaa na kukakamaa, seli zake zikiwa zimekufa na nafasi yake kuchukuliwa na kovu, ni miongoni mwa mambo yanayokutwa sana kwa watu wenye kifafa kinachoanzia lobu ya temporali, na baadhi yao waliwahi kupata degedege refu la homa walipokuwa wadogo. Nilimwambia mama hakuna aliyemchapa mwanawe. Nilichukua kalamu, nikachora kichwa kwa pembeni, nikachora sikio, na ndani yake nikachora jongoo wawili, mmoja mnene na mmoja mwembamba. Aliitazama ile picha kwa muda mrefu. Kisha akasema kwamba mtoto alipokuwa na mwaka mmoja na nusu alishikwa na degedege kuanzia jua kuchwa mpaka walipofika zahanati, na kwamba katika safari zote za hospitali hakuna aliyewahi kumwuliza habari hizo. Nikaandika maneno hayo kwenye faili, nikarekebisha dozi ya dawa, na chini ya picha nikaandika kwa herufi kubwa HIPOKAMPASI, ili yule ndugu msomi akipigiwa simu tena asome kilichoandikwa.

Ndugu Mwenyekiti, naomba madirisha ya upande wa ziwa yafunguliwe, kwa sababu fomalini inauma macho. Wa safu ya mbele waanze kusogea mezani, wanne wanne, na glovu zimo katika boksi lile la kijani. Atakayeshika kisu aanzie upande ambao sijaukata.